Siku Niliyouliza Mimi ni Nani Sokoni Ruangwa

Jamani, mcheke polepole, maana aibu hii bado mbichi na mimi mwenyewe sijaielewa hadi leo. Kazi yangu mnaijua, au tuseme hamuijui, hata mama yangu pale Naipingo haijui, anasema tu "mwanangu anahangaika na kamera": nafanya sanaa ya mwili, yaani nasimama mbele za watu, mwili wangu ndio mchoro wenyewe, halafu rafiki yangu Seifu anarekodi, inakuwa filamu. Sasa kwetu Nachingwea kila mtu ananijua, nikaona niende sokoni Ruangwa, nijipake udongo mweupe kuanzia utosini mpaka kiunoni, nijitundike kibao shingoni kimeandikwa MIMI NI NANI? halafu nisiseme neno lolote mpaka adhana ya adhuhuri. Hilo la kutosema ndilo lililoniponza. (Na mjue kwamba Jumapili ya wiki ileile wazee wangu walikuwa wapeleke posa Likunja, huko huko Ruangwa, kwa kina Zuhura mchumba wangu, ambako baba mtu alikuwa hajawahi kuniona uso kwa uso, na mimi nikajidanganya kwamba siku hiyo yuko kwenye mikorosho yake.)

Nilidhani watu watatazama, watatafakari, wataondoka. Thubutu! Mama mmoja muuza uji akakisoma kile kibao kwa sauti, akashika kifua: "Masikini, mtoto wa watu hajijui!"

Basi. Punde si punde nimezungukwa, kila mtu na lake. "Mchimbaji huyu, kaangukiwa na kifusi huko Namungo." "Wapi, katoroka jandoni!" "Jandoni na ndevu zote hizo?" Wakanigeuza viganja, wakanichungulia meno, mmoja akanisemesha Kimwera, mwingine Kimakonde, mwingine Kiyao, wajue natokea upande gani, na mimi nimekodoa macho tu, namtazama Seifu kule ng'ambo aje aniokoe, naye ananionyesha dole gumba, anafikiri mambo yananoga. Mara nasikia kipaza sauti cha msikiti: "Amepatikana kijana, hasemi, hajijui, kapakwa udongo, mwenye ndugu yake afike sokoni." Wallahi nikachanganyikiwa kabisa, nikaanza kumwonea huruma huyo kijana aliyepotea, nikawa nataka na mimi nimsaidie kumtafutia ndugu zake.

Hapo akaja mzee mmoja wa kofia, alifuata salfa ya kupulizia korosho, akapenya katikati ya watu, akanikalisha kwenye benchi la muuza uji, akashika kikombe na kijiko, akaanza kunilisha. "Kunywa, mwanangu. Wa kwenu watakuja." Nikamtazama vizuri, kumbe mzee Mtopela, baba yake Zuhura, nilishamwona mara chungu nzima kwenye simu ya binti yake! Sasa nifanyeje? Nikisema, mkwe ni mwongo anayechezea huruma ya wazee. Nisiposema, mkwe ni mwehu. Nikanywa uji. (Ulikuwa mtamu, siwezi kukataa.)

Kijiko cha nne au cha tano, anatokea Zuhura mwenyewe, katoka kwa fundi cherehani, na baba yake anamwita: "Mama, hebu njoo, wewe unajua vijana wengi, huyu unamjua?"

Akanitazama. Akaanzia kichwani, akashuka mpaka kwenye kibao, akakaa hapo kidogo, akarudi machoni, na najua alinitambua kwa sababu midomo ilimcheza.

"Simjui, baba."

Iliniuma, jamani, iliniuma mno. Sanaa ikanitoka, adhana sikuingoja, nikaropoka mbele ya soko zima: "Zuhura! Ni mimi, Hamza wako, Jumapili tunaleta posa!"

"Amekumbuka! Alhamdulillahi, amekumbuka!" Vigelegele vikapigwa, muuza uji analia, watu wananipigapiga mgongoni udongo unaruka, na katikati ya furaha yote hiyo mzee Mtopela kabaki na kijiko hewani.

"Posa?" akamuuliza binti yake. "Ya huyu?"

Zuhura kajifunika uso kwa mtandio. Na Seifu naye ndio anafika mbio, "Kaka, nimeipata yote!" Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Mzee hakugomba, na ingekuwa afadhali angegomba. Alisema posa ataipokea, ila kwanza nilete barua ya utambulisho kutoka kwa mwenyekiti wa kijiji chetu, yenye muhuri, inayoeleza kijana huyu ni nani hasa na kwamba akili zake ni timamu. Jioni Zuhura akanitumia ujumbe wa neno moja: "Ilete."

Nimeapa, sitasimama tena mbele za watu bila kutaja jina langu kwanza, hata mnipe nini. Barua nimeipata jana, baada ya kubishana na mwenyekiti asubuhi nzima ("Sanaa ya mwili ndiyo nini, unacheza ngoma?") mpaka akachoka, akainama akaandika. Jina: Hamza. Mkazi wa Naipingo. Akili: timamu. Kazi: hana.