Nilivyokufa Hotelini Qurum

Watu wakiniuliza kwa nini niliacha kazi Maskati huwa nawaambia mkataba ulikwisha, na wakizidi kuuliza nabadilisha mazungumzo, maana aibu yenyewe ni ya aina ambayo ukishaianza lazima uimalize. Leo mmenibana, basi naisema. Niliacha kazi kwa sababu nilikufa. Nilikufa jioni moja mbele ya wageni, nimevaa suti ya kuazima, na nikafa vizuri mno, na hapo ndipo balaa lote lilipoanzia.

Nilikuwa mhudumu wa meza katika hoteli moja ya Maskati, mtaa wa Qurum, miaka ya mwanzo ya elfu mbili, simu za mkononi zikiwa ndiyo kwanza zimefika hata kwetu Bungoma. Ugonjwa wangu ulikuwa vitabu. Shuleni tulikuwa na kabati la vitabu vikuukuu vya Kiingereza, hadithi za upelelezi za enzi za babu zetu, nami nilivisoma vyote, vingine vikiwa vimenyofoka kurasa za mwisho hata nikalazimika kumtafuta muuaji mwenyewe (na nilikuwa na hakika kila mara kwamba nimempata). Hadithi zenyewe mnazijua: tajiri anakutwa amekufa ndani ya jumba lake, nje mvua, ndani wageni wanaochukiana, halafu anakuja mpelelezi mwenye maringo, anatazama tope kwenye kiatu na jivu la sigara, kisha anawakusanya wote sebuleni na kuwaambia nani kaua.

Sasa pale Qurum palikuwa na mama mmoja Mwingereza, Bi Helen, aliyekodi ukumbi wetu mdogo ili awafanyie rafiki zake karamu ya namna hiyo: kila mgeni avae mavazi ya zamani zile, maiti alale kwenye zulia, na watu wale chakula huku wakimtafuta muuaji. Maiti alikuwa mwanasesere wa nguo aliyeshonwa na fundi. Mimi nilipomwona nikaona gunia la vitunguu lililovishwa tai. Hakuna aliyeniuliza, lakini mdomo wangu ukajiendea wenyewe: “Madam, huyu hataaminiwa na mtu. Niacheni nilale mimi.”

Bi Helen akapiga makofi kwa furaha. Meneja naye akakubali, tena akaongeza lake: akawaagiza watu wa mapokezi kwamba yeyote atakayeuliza habari za maiti, awe amekuja mwenyewe au anapiga simu, ajibiwe bila kucheka kwamba ndiyo, mtu amechomwa kisu na uchunguzi unaendelea, ili mchezo usiharibike.

Basi Alhamisi jioni nikalazwa chini. Mpini wa kisu ukabandikwa kifuani, sosi ya nyanya ikamwagwa kwenye shati, nikaachama kidogo, nikafumba macho. Nilijua kazi yangu. Nilipumua kwa kuiba, nzi akanitembelea puani nikamwacha amalize safari yake, mzee mmoja akapiga magoti akaichunguza soli ya kiatu changu kwa kioo cha kukuzia, nami sikutikisa hata kidole (nilijisikia mtu mkubwa sana, sitaki kuwadanganya).

Ndipo nikasikia magurudumu ya toroli. Alikuwa Mutua, Mkenya mwenzangu niliyekaa naye chumba kimoja mtaa wa Wadi Kabir, aliyefanya kazi kwa dobi aliyekuwa akitufulia vitambaa vya meza. Hakuna aliyemwambia lolote kuhusu karamu. Toroli likasimama, nikasikia sauti yake inatetemeka: “Wekesa? Haki ya Mungu, Wekesa!”

Hapo, jamani, ningeweza kufumbua jicho moja tu. Ningemkonyeza, yangekwisha. Lakini yule bwana aliyekuwa akiigiza mpelelezi alikuwa ameniinamia, nami nikaona nikifumbua nitaharibu kazi ya sanaa. Nikatulia zaidi. Yule bwana akainuka akapaza sauti kwa Kiingereza chake kizito kwamba mtu yeyote asitoke, humu ndani mna muuaji. Mutua, ambaye viza yake ilikuwa imekwisha zamani, hakungoja kusikia mara ya pili. Nikasikia toroli likigonga mlango na miguu ikipotea, na moyoni nikafurahi kwamba nimemdanganya hata mtu anayenijua.

Karamu ilichelewa kwisha, nikalala palepale kwenye vyumba vya wafanyakazi, simu yangu imefungiwa kabatini haina chaji. Ijumaa mchana nikapanda teksi kwenda Wadi Kabir kwenye ibada yetu, maana Ijumaa ndiyo siku ya mapumziko, na sisi Wakenya tulikuwa tunasali katika chumba cha Dada Rose, mpishi wa nyumba moja ya Qurum na mkubwa wetu sote hapo. Nilikuwa na njaa, nafikiria chapati zake. Kutoka ngazini nikasikia wanaimba nyimbo za mazishi, nikajisemea masikini, nani tena ametutoka.

Nikasukuma mlango. Mezani palikuwa na mshumaa, na nyuma ya mshumaa picha yangu ya pasipoti, imekuzwa hadi pua yangu imeujaza ukurasa.

Sitaweza kuwaeleza kelele zile. Mwanamke mmoja alipita dirishani kwenda kwenye roshani, mwingine akaangusha birika la chai, mchungaji wetu akajificha nyuma ya Biblia yake, na Dada Rose akaninyooshea mwiko: “Shindwa! Shindwa kwa jina la Yesu!”

“Dada Rose, ni mimi.”

“Ndiyo nasema ushindwe! Nilipiga simu hotelini mwenyewe, mapokezi wakaniambia umechomwa kisu!”

Wapangaji wa vyumba vingine wakajaa mlangoni, Wahindi na Wabangali, kila mmoja anauliza kuna nini, na mimi nimesimama katikati ya matanga yangu nikieleza habari za karamu, na kadiri nilivyoeleza ndivyo nilivyosikika mjinga zaidi. Walipokubali kunigusa na kuona nina joto, wengine wakacheka. Mutua hakucheka. Alikuwa amekaa pembeni, macho yamevimba.

“Nilishapiga nyumbani,” akasema. “Jana. Niliongea na Barasa.”

Barasa ni mdogo wangu. Nikaazima simu, nikapiga. Barasa aliposikia sauti yangu alilia kama mtoto, kisha akaniambia kwa sauti ya chini kwamba mama alipopewa habari alianguka, mkono wa kushoto haunyanyuki, na hataki kwenda hospitali, anangoja mwili ufike.

“Mpe simu,” nikamwambia.

“Mama, ni mimi, Wekesa. Niko hai. Ulikuwa mchezo.”

Akasema, taratibu, bila hasira: “Simiyu, mwanangu, asante kwa kunionea huruma. Lakini mlinifanyia hivi hivi kwa baba yenu.”

Na ni kweli tulimfanyia. Baba alipofariki hospitalini Eldoret, sisi wenyewe tulimwambia mama kwamba anaendelea vizuri, tukampa simu mtu aongee kama daktari, ili presha isipande mpaka tumfikishe nyumbani. Hivyo ndivyo watu wa kwetu wanavyompelekea mama habari za msiba. Na binamu yangu Simiyu ana sauti kama yangu hasa. Nikaanza kumpa ushahidi, mimi mpelelezi wa kabati la shule: kovu la goti langu na panga lililolifanya, jina la ng’ombe aliyemuuza nikaenda sekondari, wimbo aliokuwa akiniimbia nikiugua surua. Kila nilipotoa kimoja alinijibu, “Hayo yote mwanangu alikuhadithia.” Mwisho akasema, “Kama ni yeye, mwambieni aje nimwone,” akairudisha simu.

Nilikwenda kwa meneja. Likizo yangu ilikuwa bado mbali. Alinisikiliza, akasikitika kidogo, kisha akaitoa pasipoti yangu kwenye sefu na kusema, “Ukienda sasa, khalas, imekwisha, nafasi yako anapewa mwingine.” Nikaichukua.

Nilifika nyumbani mchana. Uani moto wa matanga ulikuwa bado unawaka, majirani wamekwisha kuondoka, na Barasa akaniambia kila wakiuzima mama anauwasha tena kwa mkono mmoja. Mama alikuwa ameketi kando ya moto. Hakuinuka. Nilipiga magoti mbele yake, akanipapasa kichwa, masikio, akakifunua kiganja changu akakitazama, kisha akalia bila sauti, upande mmoja wa uso ukilia na mwingine umetulia tu.

Jioni nikamsimulia yote, Bi Helen, kisu cha gundi, yule mzee na kioo chake. Akasikiliza hadi mwisho.

“Na hao watu wote waliokuwa wakimtafuta muuaji,” akauliza, “kuna hata mmoja aliyeuliza kama huyu mtu ana mama?”

Nikasema hapana. Nilijaribu kukumbuka vile vitabu vyote nilivyovipenda, kimoja baada ya kingine, na sikukumbuka hata kimoja ambamo mama wa maiti anaonekana akilia. Niliona aibu kuliko siku ile ya mshumaa.

Mama yuko, nashukuru, ila ule mkono haukurudi, na simu ikilia anatoka nje mpaka mtu mwingine aipokee. Mimi nauza saruji na misumari hapa sokoni, na nimeapa sitajifanya maiti tena, hata kwa kuchekesha watoto. Nikijilaza mchana kwenye kochi huwa nauacha mguu mmoja ukitikisika, ili mama akipita aone.