Bega Langu la Kulia

Kila asubuhi, hapa ghorofani Pearl, mtaa wa matajiri huku ughaibuni, namwinua mzee wa Kikanada ninayelipwa kumtunza kitandani kwa bega langu la kulia, na kila asubuhi ananisimulia upya. Zamani alicheza mpira wa kwao, ule wa kofia ngumu, mpaka kwenye theluji. Alikuwa mtu wa mstari wa mbele. Kazi yake kuzuia na kusukuma ili mwenzake apite na mpira. Yeye mwenyewe, miaka yote ile, hakufunga hata mara moja. Na bado mji wake umeandika jina lake ukutani. Vidole vimepinda, kutembea hawezi, lakini wageni wanakuja kumpa mkono.

Namwonea wivu, rafiki yangu. Sifichi. Nikimwambia dereva wetu Mtanzania, anacheka: "Kaka, na wewe utaandikwa tu. Ukuta wa kempu tunayolala sisi vibarua, kule Industrial, kwa mkaa!"

Mimi nami nilisukuma. Kwetu Kakamega, raga, safu ya mbele, kwenye matope yanayonuka ng'ombe, maana walilishwa palepale. Shule ilinichukua kwa ajili ya mwili huu. Nyanya ndiye aliyeujenga: viazi vitamu alfajiri, ukoko wa ugali jioni, na katikati ndoo za maji kutoka mtoni. "Kula," alikuwa akiniambia, "vitabu vyako viko mwilini."

Kidato cha pili, nafasi ya kusomeshwa bure ikabaki moja. Tulikuwa wawili: mimi na mwana wa mwenye kinu cha kusaga, kijana wa mbio, ambaye kila trai, yaani bao la raga, aliyofunga alipitia njia niliyofungua mimi. Mwalimu wa michezo akatuita. Nikasema, "Mwalimu, bila mimi huyu angepita wapi?"

"Wewe unasukuma tu," akanijibu. "Hata ng'ombe husukuma."

Mwana wa kinu akacheka. Nawakumbuka wote wawili: aliyesema na aliyecheka. Huyo wa kucheka leo ni daktari. Mimi daftari zangu ziliishia pale.

Uwanja ule sasa ni nyumba za kupangisha. Nyanya naye hayupo. Raga hakuielewa hata kidogo. Watu wote walifuata mpira kwa macho; yeye, amekaa nyasini na leso yake, alinitazama mimi tu. Wakishangilia trai kule mbali, yeye alipiga vigelegele huku, peke yake, mimi nikiwa bado nimelala matopeni. Tangu azikwe nimesukuma vitu vingi sana, wala sijaisikia tena sauti ile.