Mmwagiliaji na Rozimari za Mama Mganga

Siku yangu ya kwanza kazini, nyumbani kwa Mganga Mkuu pale Kibondo, nilikabidhiwa keni ya bati na cheo: mmwagiliaji. Nilikuwa na nguvu, nikadhani kazi yenyewe ni nguvu. Kufika saa tatu asubuhi nilikuwa nimelowesha bustani yote mpaka ngazi za jikoni, nikasimama nikingoja kusifiwa.

Mke wa Mganga, ambaye sote tulimwita Mama Mganga, alitoka akaangalia lile tope, akanipeleka kwenye vichaka vitatu kando ya ukuta. Vilikuwa na majani membamba kama sindano, yenye harufu kali ukiyapapasa. Rozimari, akaniambia. Mbegu yake ilitoka Moshi, bustanini kwa marehemu mama yake. Alikuja na kijiti kimoja siku mumewe alipohamishiwa huku. Aliitia kwenye nyama ya mbuzi, na siku za baridi kwenye chai. Akanishika mkono, akakichomeka kidole changu udongoni mpaka kiungo cha pili.

"Udongo umekiganda?"

"Umekiganda, Mama."

"Basi leo usiiguse. Hii haifi kwa kiu, inakufa kwa maji."

Hiyo ndiyo shule niliyosoma. Nilijifunza kukata vipandikizi, yaani vijiti laini vya urefu wa kiganja, kupukutisha majani ya chini na kuvichomeka kwenye mchanga wa mto, maana udongo wetu mwekundu hushikilia maji. Mche ukishatoa mizizi unaumwagilia shinani, maji ya kutosha, kisha unangoja udongo ukauke. Kungoja huko nako ni kazi, ingawa sijapata bosi mwingine aliyekubali hivyo.

Mganga alipohamishwa, Mama alichukua mche mmoja na kunipa mimi sita. "Hizi ni za mama yangu," alisema. "Nakuachia wewe." Nikazibeba kwenye makopo ya maziwa.

Baadaye shirika moja la misaada liliniajiri kwenye nyumba za wafanyakazi wake, karibu na kambi ya wakimbizi ya Nduta. Nilizipanda mbele ya jiko, zikastawi hadi kiunoni. Kisha akaja Mratibu mpya, msomi, mwenye kalamu tatu mfukoni. Akabandika karatasi ukutani: kumwagilia, asubuhi na jioni, ndiyo au hapana. Kwa rozimari nilijaza hapana siku tisa mfululizo. Akaniita ofisini.

"Mzee, cheo chako ni nini?"

"Mmwagiliaji."

"Sasa mmwagiliaji asiyemwagilia anafanya nini hapa?"

Nilimweleza habari za kidole. Alicheka, akasema karatasi haina nafasi ya kidole. Mkataba wangu ulikuwa unaisha mwezi ule, na yeye ndiye wa kuusaini. Nikachukua keni.

Nilimwagilia asubuhi na jioni, nikijaza ndiyo, ndiyo. Majani yakaanza kuwa ya kahawia kuanzia chini, dalili ya mizizi kuoza, ambayo kwa asiyejua hufanana kabisa na kiu. Mratibu akaona kiu, akaagiza na mchana pia. Nikamwagilia na mchana. Nilipoing'oa ya mwisho, mizizi ilikuwa myeusi na inanuka. Barua ya kuniachisha kazi ilisema mimea imekauka kwa uzembe wa mmwagiliaji.

Nilikwenda na barua hiyo Kasulu, kwa Haji mwenye nyumba ya wageni. Aliisoma yote, akanirudishia kwa heshima. "Mzee wangu, nitakupa ufagio," alisema. "Maua atayashika mwingine." Nikafagia miaka yote iliyobaki, nikimtazama huyo mwingine akizamisha maua kila asubuhi, mpaka mgongo ukakataa nikarudi kwetu Makere.

Watu husema ukistaafu hasira hupoa. Yangu haijapoa. Mratibu nilimchukia na ninamchukia bado, na nilikuwa nimeridhika kumchukia yeye peke yake, mpaka mwaka jana Mama Mganga aliponipigia simu. Binti yangu muuguzi alikutana naye hospitalini, akampa namba. Sauti imezeeka. Alinisalimia "mwakeye", neno pekee la Kiha alilobaki nalo. Akasema mche wake ulikufa zamani, na kule kwa mama yake kumejengwa. Akaomba nimtumie kijiti kimoja tu kwa basi.

Nikamwambia hazipo.

"Jua liliziunguza?"

Ningeweza kuitikia, na yangekwisha hapo.

"Nilizimwagilia, Mama."

"Si nilikufundisha?"

"Ulinifundisha."

Hakukata simu. Aliniuliza kama mvua imenyesha huku Makere, nikamjibu kwamba imenyesha vizuri.