Nilivyokwenda Dodoma Kuulizia Bima ya Mashine Yetu

Nilikwenda Dodoma kwa ajili ya mashine ya kusaga ya kikundi chetu cha akina mama, hapa Mvumi. Ndiyo mali yetu yote. Ya kijiji jirani iliteketea, hawakuokoa hata bati. Yohana, mtoto wa marehemu mdogo wangu, ni wakala wa bima katika mojawapo ya kampuni hizi za watu binafsi zilizoingia tangu serikali ilegeze masharti ya biashara. Alitaka tukate bima ya moto. Wenzangu wakasema, nenda kwanza ukaione hiyo ofisi.

Asubuhi basi lilijaa magunia ya karanga, na magoti yangu yakaanza kuuma kabla hatujafika mbali. Yohana hakunyamaza.

"Mama mkubwa, mkikataa nitafukuzwa kazi. Wanaangalia nimeleta watu wangapi."

"Kwa hiyo kampuni inaishi kwa mdomo wako?"

"Kwa mdomo wangu, na kwa ninyi kuniamini."

"Basi nyamaza kidogo, usiumalize."

Mjini nilikuta chumba kimoja, meza mbili na feni isiyozunguka. Nikachoka upya. Binti wa ofisini akaniamkia shikamoo, akanipa kiti.

"Marahaba. Mashine nyingi zikiungua siku moja, mtalipa na nini? Hapa sioni kitu."

Akacheka. "Bibi, michango ya wateja tunaiweka benki. Na mzigo mkubwa hatubebi peke yetu. Nasi tumejikatia bima kwa kampuni kubwa, nyingine ziko nje ya nchi."

Hilo nililielewa. Sisi Wagogo ng'ombe hatuwaweki zizi moja. Wengine unawapeleka kwa shemeji, wengine kwa rafiki, ugonjwa ukiingia kwako usibaki mikono mitupu. Lakini ng'ombe wa kwa shemeji hakamwi siku unayotaka wewe.

"Na atakayekuja kutazama hasara?"

"Mthamini, Bibi. Anatoka Dar es Salaam. Tena lazima tupate ripoti ya polisi."

Kwenye benchi alikaa mzee wa Bahi, lori lake limepinduka. Nikamuuliza kama hawa hulipa.

"Lori langu la kwanza walilipa, dada. Ila walikawia mpaka mke wangu akasahau rangi ya lori. Sasa namsubiri tena huyo mthamini."

Safari ya kurudi nilisinzia. Nilikuwa nimefikiri bima ni chumba chenye pesa. Kumbe ni watu wanaosubiriana: binti anamsubiri mthamini, mthamini anasubiri polisi, wote wanaisubiri kampuni kubwa iliyo ng'ambo.

Jioni akina mama walinisubiri mlangoni pa mashine. Yohana alisimama nyuma yangu, ameshika fomu zake.

"Tukate, tusikate?"

"Kateni. Watu hawa hulipa. Ila watachelewa, na watoto hula kila siku. Kwa hiyo asiwepo wa kuchanja kinu chake kuni; mashine ikiungua, tutatwanga kwa mkono tukiwasubiri."