Bakuli la Kukhu

Nilipokuwa mtoto, kule juu ya mji mdogo wa Kwanza, karibu na mlima, hakuna aliyethubutu kuugusa mrembe ovyo. Ulisimama kando ya boma letu, mti wa maua mekundu, na tulifundishwa kwamba anayeushika akaapa uongo hafikii mavuno yanayofuata. Anayekula naye bakuli moja humfuata kaburini. Nyanya yangu, tuliyemwita Kukhu, aliamini hayo bila shaka hata kidogo.

Kisha vijana wa msituni wakaja na bunduki, wakawa ndio serikali yetu. Mume wa jirani yetu, Mama Chebet, alikataa kuwapa mwanawe akapigane. Wakamuua, wakaanza kumtafuta mkewe. Kukhu akamficha ndani ya ghala la mahindi, na mimi ndiye niliyempelekea uji asubuhi ile walipofika kwetu.

"Kukhu, huyo mama ako wapi?" mkubwa wao aliuliza.

"Sijamuona."

"Basi shika mrembe uape."

Woi! Nilidhani atasema ukweli na, Mungu anisamehe, nilitaka auseme. Kukhu alitembea polepole hadi mtini, akaweka viganja vyote viwili.

"Sijamuona. Kama nadanganya, huu mti unimalize. Mimi peke yangu, si hawa watoto."

Hawakupekua ghala. Hata wao waliuogopa ule mti.

"Twendeni," mkubwa alisema. "Mzee kama huyu hawezi chezea mrembe, bana."

Kesho yake Mama Chebet alifika Matisi, kule Kitale, akiwa amefichwa chini ya magunia ya kabichi. Lakini mchana ule ule wa kiapo, Kukhu alichukua bakuli lake akaketi mlangoni.

"Kukhu, kuja tukule," nilimwita.

"Kuleni. Mimi niko na yangu."

Alikula peke yake mavuno tisa, hadi uzee ulipomchukua. Alitupenda mno, lakini hakutuonjesha hata tonge moja kutoka bakuli lile.

Siku hizi watu huniambia ati mti ni mti tu. Ni rahisi kusema. Kukhu alijua anajiua, na bado akaapa. Sijaona ushujaa mwingine kama huo, nami nimeishi na watu wengi wazuri.

Siku ya mazishi Mama Chebet alikuja. Aliomba lile bakuli, akapakua ugali na mboga, akaketi pale pale mlangoni akaanza kula. Shangazi zangu walishika vinywa. Mimi nilinawa mikono, nikaenda kula naye.