Pipi za Sofia

Usiku ule Mwantumu hakulala. Alikaa ukumbini kwa wakwe wa bintiye, kijijini Mbekenyera, akisubiri habari za bintiye huyo, Sofia, aliyekuwa chumbani na uchungu wa uzazi. Mkunga alikuwa amemtoa nje: mama mzazi haingii, woga wake humwambukiza binti. Uji wote Sofia aliutapika, na nguvu zilikuwa zikimwishia.

Kulipopambazuka Mwantumu akabandika sukari ambayo mumewe aliileta kutoka kambi ya vibarua wa mashamba ya karanga, Nachingwea, akaikamulia ndimu.

“Mkwe, unapika pipi mtoto hajazaliwa? Umealika nani?” Mwanne, mama mkwe wa Sofia, alimtania.

“Za mwanangu, azimumunye. Uji umemshinda.”

Sofia akapiga ukelele. Mwantumu aliinuka, kisha akachuchumaa tena. Sukari ukiipa mgongo inaungua, na nyingine hakuwa nayo. Alidondosha tone kwenye maji baridi, likavutika; bado. Akangoja. La pili likakatika kwa mlio: sukari imeiva. Akaimimina kwenye sinia lililopakwa mafuta, ikapoa, akaivunja vipande, akaenda kugonga mlango wa chumba.

“Huingii, mama,” mkunga alisema.

“Siingii. Pokea hizi, la sivyo nitagonga mpaka jua litue.”

Kisha komeo likavutwa, na mlango ukafunguka kiasi cha kupitisha mkono.