Nguzo za Al Barsha

Juzi nilipita benki yenye nguzo nyeupe, mtindo ambao Wazungu waliuiga kwa Wagiriki wa kale. Nikajikuta naigonga moja.

Alasiri moja ya utotoni, baba, fundi rangi, alinipeleka kwenye jumba la kifahari mtaani Al Barsha. Palinuka rangi mbichi na vumbi la saruji. Niligonga nguzo ya barazani, ikalia kama debe tupu.

"Hizi ni za urembo tu," baba alisema. "Hazibebi kitu."

Niliogopa kuingia ndani.

Jioni mama alimwandalia baba chai, akaniambia kama kawaida, "Baba yako ndiye nguzo ya nyumba hii."

Nilimsogelea baba, nikamgonga kifuani na kutega sikio. Hakucheka. Leo najua begi lake lilikuwa limeshafungwa, aondoke atuache.